Pokémon ipi ununue ukiwa Unguja au Pemba

Haunter wangu alikaa miezi minane akisubiri boti ya Pemba.

Kwa asiyemjua, Haunter ni kinyama cha gemu za Pokémon, kizuka cha rangi ya zambarau, mikono yake imeachana na kiwiliwili, na hageuki kuwa Gengar mpaka umpeleke kwa mtu mwengine kwa kubadilishana. Mimi hapa mjini Unguja sikuwa na wa kubadilishana naye. Wenzangu wote ni watu wa mpira. Gemu kwao ni PlayStation, basi. Nilimjua mtu mmoja tu mwenye kaseti ya Shield, pacha wa Sword yangu, naye ni mpwa wangu wa Wete. Ikabidi ningoje likizo ya skuli, nipande boti hadi Mkoani, nishike gari hadi Wete, na baada ya alasiri tukae barazani kwa dada yangu, kila mmoja na mashine yake mapajani.

"Mjomba, bonyeza Y," akaniambia, kwa sauti ile ya mtoto anayemfundisha mtu mzima simu.

Nikabonyeza. Mashine zikatafutana zikaonana, bila intaneti wala bando. Haunter akaondoka kwangu, na kwenye skrini ya mpwa wangu akang'aa, akavimba, akawa Gengar: mnene, meno nje, anacheka. Machoke wake naye akaja kwangu akawa Machamp, mikono minne. Tatizo likaanzia hapo, maana Gengar sasa yuko kwake na hataki kumtoa. Nilimkomboa kwa Sirfetch'd, yule bata mwenye ngao ambaye kwenye Shield hapatikani. Dada yangu alikuwa anatusikiliza tukipatana bei kama madalali wa mnada wa samaki, akaingia ndani bila ya kusema neno.

Kila inapokaribia sikukuu napata ujumbe ule ule kutoka kwa ndugu na majirani: mtoto anataka Pokémon, tumnunulie ipi? Miongozo ya Ulaya na Marekani huzipanga kwa uzuri wa picha na utamu wa hadithi. Sisi wa visiwani tuna swali linalotangulia hayo yote, na ndilo nililolitumia kupanga orodha hii: mtoto atabadilishana na nani?

Kwa nini zinatoka mbili mbili

Satoshi Tajiri, aliyeibuni gemu hii, alikulia Machida, pembezoni mwa Tokyo, akikimbizana na wadudu vichakani. Alipouona waya wa kuunganisha Game Boy mbili, akawaza wadudu wakitambaa ndani yake kutoka mashine moja kwenda nyengine. Wazo hilo ndilo lililozaa Red na Green, zilizotoka Japani tarehe 27 Februari 1996. Vinyama vilikuwa 151 ukimhesabu Mew aliyefichwa, na hapakuwa na kaseti iliyokuwa navyo vyote. Vyengine vimo Red tu, vyengine Green tu, na vyengine kama Haunter haviendi mbele bila ya waya. Ilikusudiwa umtafute mwenzako.

Wakaendelea hivyo hivyo: Gold na Silver, Ruby na Sapphire, Diamond na Pearl, Black na White, X na Y, Sun na Moon, Sword na Shield, Scarlet na Violet. Hadithi ni moja, ramani ni moja. Kinachotofautiana ni vinyama kadhaa na picha ya jalada. Kwa hiyo usimnunulie mtoto mmoja zote mbili. Nasema hivi kwa kuwa nimemsikia muuzaji, kwa masikio yangu, akimwambia mama mmoja kuwa Violet ni "sehemu ya pili" ya Scarlet, na mama wa watu ameshatoa pesa kwenye mkoba. Ukiwa na watoto wawili, na kila mmoja ana mashine yake, hapo ndipo mmoja achukue hii na mwengine ile. Wakigombana, ndiyo gemu yenyewe.

Zamani kulikuwa pia na toleo la tatu lililokuja baada ya mwaka mmoja au miwili, likiwa limekusanya na kuongeza: Yellow, Crystal, Emerald, Platinum. Ukikutana na kaseti za zamani, hilo la tatu kwa kawaida ndilo la kuchukua.

Mashine kwanza

Kabla ya kaseti, jua itaingia wapi. Jirani yangu aliletewa kaseti ya Switch kutoka Dubai, mtoto wake ana 3DS, mashine ya zamani ya Nintendo. Ile kaseti mpaka leo iko kabatini pamoja na vikombe vya wageni.

Kwa sasa mashine ya kununua ni Nintendo Switch. Kaseti zake hazina mipaka ya nchi: iliyonunuliwa Muscat, London au Osaka itasoma kwenye Switch yoyote, na za Pokémon unachagua Kiingereza ndani hata kama jalada zima ni Kijapani. Kiswahili hakimo. Hilo lifikirie, kwani gemu hizi zina maneno mengi, na mtoto asiyesoma Kiingereza atahitaji mtu wa kukaa naye wiki za mwanzo. Jambo jengine ni kwamba kila mtumiaji ana sevu yake, mradi umfungulie jina lake kwenye mashine. Kaseti za zamani zilikuwa na nafasi moja tu. Mdogo akianza upya na kusevu, safari ya kaka yake ya miezi mitatu imekwenda na maji. Nimeishi katika nyumba ambayo jambo hilo lilitokea, na sisemi mdogo alikuwa nani.

Ukinunua Switch ya mtumba, igeuze usome maandishi madogo mgongoni. Ikiandikwa HAC-001 peke yake ni ile ya 2017, ambayo Nintendo wanasema betri yake inakaa saa 2.5 hadi 6.5. Ikiandikwa HAC-001(-01) ni ya kuanzia 2019, saa 4.5 hadi 9. Bei dukani mara nyingi ni moja, maana muuzaji mwenyewe hajui tofauti. Siku umeme wa Tukuza umeisha saa nne za usiku na duka la jirani limefungwa, utaijua. Ile ndogo, Switch Lite, inakaa saa 3 hadi 7, ni nyepesi na ngumu kiasi, lakini haitoi picha kwenye TV na vishikio vyake havichomoki. Kwa nyumba yenye watoto wawili au watatu, Lite italeta kesi kila jioni.

Switch 2, iliyotoka Juni 2025, inasoma karibu kaseti zote za Switch ya kwanza. Kama ndugu wa Oman amekuletea, pokea kwa mikono miwili. Kwa pesa yako mwenyewe, na kwa ajili ya Pokémon tu, ya zamani inatosha. Ukiwa nayo, jihadhari na kaseti zake ambazo jalada lina alama ya ufunguo chini: zile ndani hazina gemu, zina ruhusa ya kuipakua tu, na utapakua gigabaiti kwa gigabaiti kwa bando lako.

Sasa orodha, kuanzia ninayomnunulia mtu kwanza.

1. Legends: Arceus

Ilitoka tarehe 28 Januari 2022, na haina pacha. Ni moja tu, imekamilika peke yake. Zaidi ya hapo, waliotengeneza waliweka kitu kinachoitwa Linking Cord, kamba unayomtumilia Haunter akageuka papo hapo, bila waya, bila mpwa, bila boti. Siku nilipoiona nilikaa kimya kidogo nikikumbuka nauli.

Umepelekwa zama za kale katika nchi ya Hisui, kabla watu hawajazoea kuishi na vinyama hivi. Unainama kwenye nyasi ndefu, unanyatia, unalenga mgongoni, unarusha. Ukikosa, kinyama kinageuka na kukushambulia wewe mwenyewe, si mnyama wako. Saa ya kwanza au ya pili utakutana na Rapidash mkubwa kupita kiasi, macho mekundu, anazunguka uwandani kama mwenye shamba. Usimchokoze. Nilimchokoza.

Vinyama vya Hisui ni 242, na mtu aliye peke yake kisiwani anaweza kuvipata karibu vyote. Shaymin na Darkrai tu ndio wanaotaka uwe na sevu za gemu nyengine za Pokémon kwenye mashine yako. Haihitaji intaneti toka mwanzo hadi mwisho. Aibu yake ni picha: miti imesimama kama imekatwa kwa mkasi, na milima ya mbali ina ukungu usiokwisha. Tena watoto wawili hawawezi kupambana humo. Kwa mtoto mwenye wenzake wengi wanaocheza, itakuwa kavu. Kwa wengi wetu, ambao mwenzetu wa karibu yuko ng'ambo ya mkondo, ndiyo ya kwanza na iliyo ya pili iko mbali.

2. Let's Go, Pikachu! na Let's Go, Eevee!

Novemba 2018. Hii ni Yellow ya zamani iliyoshonwa upya: nchi ya Kanto, vile vinyama 151 vya mwanzo na Meltan na Melmetal juu yake. Naiweka hapa kwa sababu moja, nayo ni kishikio cha pili. Mtoto wa kwanza anacheza, wa pili anachukua Joy-Con nyengine, anaitikisa, na anatokea kwenye skrini hapo hapo. Wanatembea pamoja, wanarusha mipira pamoja, na wakirusha kwa wakati mmoja bahati inaongezeka. Kaseti moja, mashine moja, watoto wawili, hakuna kelele. Karibu hakuna kelele.

Vinyama vingi vya porini hupigani navyo, unavirushia mpira tu, kwa hiyo hata mtoto wa miaka sita anaweza. Mtu mzima atachoka kabla ya kufika nusu. Na kumbuka, kile kishikio cha pili kwenye Lite hakipo, labda ununue Joy-Con mbali. Haunter humu bado anataka kubadilishwa.

3. Scarlet na Violet

Kama mtaani kwenu kuna watoto wawili watatu wenye Switch, ipandishe hii juu ya zote. Ilitoka tarehe 18 Novemba 2022, na Nintendo walitangaza kuwa nakala milioni 10 ziliuzwa katika siku tatu za mwanzo. Nchi yake, Paldea, imechorwa kwa kuiangalia Hispania na jirani zake. Unakwenda unakotaka toka saa ya mwanzo, na watu hadi wanne wanaweza kuingia katika ramani moja, kila mmoja na mashine na kaseti yake, wakiwa wamekaa chumba kimoja bila intaneti. Niliwaona wanne wakifanya hivyo siku ya pili ya sikukuu, kanzu bado mpya, wamejipanga ukutani kama mafundi saa. Hakuna aliyeomba kupelekwa Mnazi Mmoja mpaka betri zilipoisha.

Ubaya wake unajulikana dunia nzima. Ilitoka haijaiva. Picha inakwama, watu wa mbali wanatembea kwa kurukaruka, na Nintendo waliomba radhi hadharani. Masasisho yamepunguza, hayakumaliza. Kwenye Switch 2 kuna sasisho la bure la mwaka 2025 linaloinyoosha kweli kweli, lakini lazima ulipakue. Watoto, kwa nilivyoona mimi, hata hawalalamiki. Wanaolalamika ni sisi.

4. Legends: Z-A

Hii ni ya tarehe 16 Oktoba 2025, nayo haina pacha kama Arceus. Vita vyake si vya kupokezana zamu tena. Unakimbia, unakwepa, unaamrisha wakati huo huo. Yote inafanyika ndani ya jiji moja, Lumiose, ambalo ni Paris kwa jina jengine. Mwenye kupenda vichochoro ataipenda, na mtu wa Mji Mkongwe hana cha kujifunza kuhusu kupotea kati ya nyumba. Mimi baada ya siku kumi nilitamani kuona bahari.

Ingekuwa juu zaidi kama si mambo mawili. Bado ni mpya, na kaseti za Pokémon za Switch hazishuki bei haraka: hutoka kwa dola 59.99 na miaka inapita bei iko pale pale. Pia baadhi ya zawadi zake nzuri zilitolewa kwa wanaopambana mtandaoni, na sisi mtandao wetu tunaujua wenyewe.

5. Sword na Shield

Ndiyo iliyonipeleka Wete. Novemba 2019, nchi ya Galar iliyochorwa kwa mfano wa Uingereza, viwanja vimejaa mashabiki kama siku ya fainali. Ilipotoka watu wengi walikasirika kwa kuwa vinyama vya zamani vingi viliachwa nje. Orodha ya mwanzo ina 400. Mtoto anayeanza hajui kilichoachwa, hivyo hana huzuni. Ni laini, haikwami, na ukiikuta ya mtumba kwa bei nzuri ichukue bila kufikiri sana. Lakini bila mwenzako mwenye Shield au Sword, utakuja kukaa na Haunter.

Ya kuacha: Brilliant Diamond na Shining Pearl

Za Novemba 2021, zimerudia Diamond na Pearl za 2006. Sina ugomvi na gemu yenyewe. Ugomvi wangu ni kwamba kilichomo ndani ya kaseti hakikukamilika; siku ilipotoka ilikuja na sasisho kubwa la kupakua ndipo iwe nzima. Nchi yenye intaneti ya waya nyumbani hilo si neno. Kwa mtu wa Micheweni anayepima bando kwa vijiko, ni kununua dafu likiwa na nusu ya maji.

Ya moyo: Sun na Moon

Hizi ni za 3DS, mwaka 2016, na zilizofuata 2017 zikaitwa Ultra Sun na Ultra Moon. Kama nisingekuwa naandika mwongozo wa pesa za watu ningeziweka juu. Alola ni visiwa vinne vilivyochukuliwa kwa Hawaii: mtoto anamaliza mtihani wa kisiwa kimoja anapanda chombo kwenda cha pili, wazee wa kisiwa wanamjua, mvua inanyesha jua linawaka. Hakuna gemu nyengine ya Pokémon inayojua maisha ya watu wanaovuka maji.

Ila 3DS ni mashine iliyostaafu. Duka lake la mtandaoni lilifungwa Machi 2023 na huduma za kucheza mtandaoni zikazimwa tarehe 8 Aprili 2024. Kubadilishana uso kwa uso bado kunafanya kazi. Mtego mkubwa ni kuwa 3DS, tofauti na Switch, imefungwa kwa nchi: mashine ya Japani haisomi kaseti ya Ulaya wala ya Marekani. Mtumba wa Japani unatufikia sana, si magari tu, na 3DS ya Japani haina Kiingereza kwenye menyu. Muombe muuzaji awashe mbele yako. Kisha chukua chaja usome maandishi madogo. Ya Kijapani imeandikwa volti 100 peke yake, na umeme wetu ni 230. Ukiichomeka ukutani utasikia harufu kabla hujaona moshi. Tafuta waya wa USB wa 3DS, uchajie kwenye kichwa cha simu.

Kaseti za zamani na soko la kopi

Wapo wanaotaka zile za utotoni. Nawaelewa. Kuanzia Disemba 2009 hadi Machi 2010, Unguja ilipokaa karibu miezi mitatu bila umeme, mimi nilikuwa na Game Boy Advance inayotumia betri mbili za kawaida, zile za tochi, na betri mbili zilikaa kama saa 15. Wenye mashine za kuchaji walikuwa wakinitazama kwa jicho. Emerald niliimaliza kwa mwanga wa kibatari, kwa kuwa skrini ile haikuwa na taa.

Lakini leo kaseti za Game Boy Advance na za DS, mashine iliyoitangulia 3DS, ndizo zinazoongoza kwa kopi, popote duniani, na hapa kwetu vile vile. Mwaka juzi nilinunua Emerald katika duka moja maeneo ya Darajani. Nilicheza siku nne, nikasevu, nikalala. Asubuhi sevu haipo. Niliporudi, kijana wa dukani akaipuliza, akaichomeka, akaniambia, "Bro, si inawaka?" Inawaka, kweli.

Sasa natembea na bisibisi ndogo ya meno matatu. Kaseti orijino ya GBA ikifunguliwa, ubao wake umeandikwa Nintendo. Bila ya kufungua, iinamishe kwenye mwanga: orijino karatasi yake huwa na tarakimu mbili zilizokandamizwa, hazina wino, unaziona kwa kivuli tu. Rangi nayo inasema. Emerald ya kweli ni plastiki ya kijani inayopitisha mwanga, Ruby nyekundu inayopitisha, Sapphire buluu inayopitisha. Kwa upande wa DS, HeartGold na SoulSilver pamoja na Black na White zote zina kaseti nyeusi yenye uwazi kidogo kwa sababu ndani mna mionzi ya kuwasiliana; ukiishika mbele ya balbu inaonyesha wekundu. Ikiwa ya kijivu kama kaseti nyengine za DS, rudisha. HeartGold orijino huvuka dola 100 kwa wauzaji wa nje, basi anayekuuzia kwa bei ya chipsi na mishikaki anakuuzia chipsi na mishikaki.

Za Game Boy ya mwanzo na Game Boy Color, yaani Red, Blue, Yellow, Gold, Silver na Crystal, zinahifadhi sevu kwa betri ndogo ya saa iliyochomelewa ndani. Betri hizo zina miaka zaidi ya 20. Gold na wenzake hufa mapema zaidi kwa kuwa betri hiyo hiyo inaendesha na saa. Fundi simu mzuri anaweza kubadilisha. Sevu ya zamani mara nyingi itapotea wakati anabadilisha. Ruby, Sapphire na Emerald betri yao ni ya saa tu, hivyo ikikuambia imekauka usiogope, sevu ipo. FireRed na LeafGreen hazina betri ya kufa, na kwa sababu hiyo hiyo, ukipata orijino, ndizo ninazomshauri mtu mzima anayetafuta utoto wake.

Hewa ya chumvi inakula meno ya shaba. Usipulize, mate yanaongeza kutu. Pamba ya sikio, tone la spiriti, sugua, acha ikauke, weka ndani ya mfuko wenye zipu.

Maalim mmoja wa chuoni aliniuliza kama humu mna kamari, na swali lake ni la haki. Gemu za zamani zina ukumbi wenye mashine za kubahatisha: Red, Gold, Emerald, FireRed zote. Si pesa za kweli, lakini picha ni ile ile. Kuanzia Black na White za 2010 ukumbi huo haumo tena, na gemu zote za Switch nilizozitaja juu hazina. Ambako ningemwangalia mtoto ni kwenye simu, hasa ile ya kadi, TCG Pocket ya 2024. Kuipakua ni bure, ila utamu wake wote ni kufungua pakiti usizojua ndani mna nini, na pakiti za ziada zinalipiwa kwa pesa za kweli.

Na simu

Pokémon GO, toka Julai 2016, haina bei ya kuanzia, na wengi watauliza basi kwa nini kununua mashine. Inataka bando muda wote, inamaliza chaji, na katikati ya Mji Mkongwe kuta zimekaribiana hata GPS haijui umesimama upande gani wa nyumba. Mtu wako kwenye ramani anapita ndani ya vyumba vya watu. Pwani ni afadhali.

Hata hivyo sijaifuta, kwa sababu ya Tropius. Ni mnyama kama twiga mwenye mabawa ya majani ya mgomba na shada la ndizi shingoni, na kwenye GO hupatikana zaidi huku Afrika. Sehemu kubwa ya Ulaya hawamwoni wakikaa kwao. Jioni moja Forodhani mgeni aliyeshika simu yake kama mimi nilivyoshika yangu akaniuliza kama ninaye. Kubadilishana kwa kawaida kunataka muwe karibu, ndani ya mita 100; sisi tulikuwa na urojo kati yetu. Akanipa Mr. Mime, ambaye ni wa kwao, nikampa Tropius. Nimebaki nao sita, na mpwa wangu wa Wete ameshaniuliza nitavuka lini.